Canon C100 ya mitumba: miaka sita nayo kati ya Kisumu na Usenge

Kamera hii niliinunua mwaka 2019 kwa bei ya pikipiki mpya ya Boxer, na shemeji yangu mpaka leo anashikilia kwamba heri ningenunua pikipiki. Kufikia hapo nilikuwa nimepiga video za harusi na mazishi kwa miaka kumi, Kisumu, Siaya hadi Busia, na kuwashikia kamera waelekezi wa filamu za makala waliotoka Nairobi. Sasa nilitaka kuelekeza yangu mwenyewe.

Ukiwa ndiwe mpiga picha na ndiwe mwelekezi, shida ni kichwa. Mama wa watu anakusimulia alivyofiwa, nawe nusu ya akili iko kwenye mwanga. Kwa hiyo mimi kamera naipima kwa jambo moja: inaniacha nisikilize?

C100 ilitoka mwaka 2012. Ina tundu mbili za XLR za maiki juu ya mpini, nafasi mbili za kadi za kawaida za SD, na vichujio vya ND, vya kupunguza mwanga, ndani yake, unavyovibadilisha kwa kigurudumu cha kando. Hicho kigurudumu ndicho kilichonifanya niipende. Usenge, kule Siaya, tuliingia Ziwa Victoria na wavuvi wa omena, yaani dagaa, usiku usio na mwezi, maana mwezi ukiwaka taa zao hazivuti samaki. Saa kumi alfajiri nilikuwa napiga kwa mwanga wa taa zile tu, ISO 6400, yaani kamera nimeipandisha ione gizani, chenga zipo lakini za kuvumilika. Jua likachomoza tukiwa bado majini, maji yakawa kama kioo. Kidole gumba kikazungusha ND, moja, mbili, na jicho halikutoka kwa mzee aliyekuwa akivuta wavu. Kwa kamera zangu za harusi ningekuwa nimeinama natafuta kichujio mfukoni huku mtumbwi unayumba.

Jingine ni kurekodi kabla ya kubonyeza. Ukiiwasha hiyo, kamera huhifadhi sekunde 3 zilizotangulia kidole chako. Mtu ambaye hajawahi kuelekeza ataona ni kitu kidogo. Ufukweni palepale, mama mmoja aliyekuwa akianika omena aliniangalia kwa muda akaniuliza, "Mwanangu, hiyo mashine yako inakula nini?" Nikacheka kwanza, ndipo nikabonyeza. Swali lake lote limo. Ndilo linalofungua filamu yangu.

Kadi ya GB 32 inabeba karibu saa 3, basi sifuti kitu. Tabia hiyo iliniingia nilipotazama filamu ya Cameraperson ya mwaka 2016, ambayo Kirsten Johnson, Mmarekani aliyewapigia wengine picha miaka mingi, aliiunda kwa vipande vya kazi hizo za wengine. Niliwaza diski zangu zilizo kabatini. Bahati mbaya vingi vilivyomo ni mali ya wateja, mkataba unasema hivyo.

Sasa ubaya. Kile kijitundu cha kuchungulia ni kibovu kabisa, kidogo na hafifu. Mimi huangalia kioo cha kamera, na jua la saa saba la Kisumu likipiga kioo nacho huoni kitu, unajifunika shati kichwani kama mpiga picha wa zamani. Fokasi kwa sehemu kubwa ni ya mkono wako. Halafu haina 4K, ile video ya picha kali zaidi. Nimeshapoteza kazi mbili kwa sababu hiyo, wateja ambao video zao huishia kwenye simu, lakini barua yao ya kazi ilisema 4K.

Aliyeniuzia, duka moja Nairobi, aliniapia haina kasoro. Wiki ya pili mpini ukalegea na sauti ikaanza kukatika katikati ya mahojiano. Nilipopiga simu nikaambiwa bidhaa ikishatoka dukani hairudi. Fundi wa redio hapa Kisumu aliimaliza kwa dakika 20 na skrubu mpya.

Kama unapigia mashirika, nenda kwa kitu kipya. Kama unatengeneza filamu yako peke yako na pesa ni za kuungaunga, itafute hii. Ila kabla ya kutoa hata shilingi, ng'oa mpini, uurudishe, chomeka maiki, vaa vipokea sauti, kisha utikise. Muuzaji akikunja uso, endelea kutikisa.