Fundi aliyetulipisha leseni ya programu ya wizi

Waya za mtandao kazivuta vizuri, hilo simnyimi. Mapokezi, maabara, chumba cha dawa, kila soketi ina alama yake, na kabati la swichi, vile vifaa vinavyounganisha kompyuta, ukilifungua unapenda kulitazama. Kwa kazi ya mikono ningempa nyota nne. Kinachoniuma ni ile kompyuta aliyoiacha stoo ya zahanati yetu, eti ya kusimamia mtandao, na jibu alilonipa nilipoiulizia.

Kwenye ankara yake kulikuwa na mstari umeandikwa "leseni", na bei haikuwa ya mchezo. Tukalipa. Haikupita miezi mingi, intaneti ikaanza kulemaa, hata usiku ambapo hakuna mtu kazini. Nikampigia, nikaomba kwa heshima anitumie hiyo leseni ili wenye programu watusaidie. Akacheka! "Dada, wewe unataka mtandao au unataka karatasi?" Nikamwambia nataka vyote viwili, nimevilipia. Akasema wanawake wa ofisini tunapenda kusumbua mafundi, akakata simu.

Tukamwita kijana mwingine. Programu ilikuwa imekrakiwa, yaani kinga ya leseni yake imevunjwa ili itumike bila kulipiwa. Ili ikubali kuwaka, folda yake nzima ilikuwa imeruhusiwa kupita bila kukaguliwa na antivirusi, na anwani za mtengenezaji zimefungwa isije ikagundulika. Kwa hiyo hata marekebisho ya usalama hayakuwa yakiingia. Kwenye ruta, kifaa kinachotuunganisha na intaneti, kulikuwa na akaunti ya msimamizi ambayo hakuna hata mmoja wetu aliyeijua, na kompyuta yenyewe ilikuwa ikipeleka data nje usiku kucha.

Kuna watu wataniambia mbona kila mtu anakraki. Ndugu zangu, hii si programu ya kuhariri picha. Programu ya kusimamia mtandao inatunza nywila za ruta, swichi na seva, ina ramani ya kila kilichounganishwa, na inaruhusiwa kuingia kote. Ukiiweka ya wizi umemkabidhi mtu usiyemjua shada zima la funguo. Na aliyehangaika kuivunja leseni akaitupa mtandaoni bure, unadhani anatoa sadaka? Sisi tuna majibu ya vipimo ya watu, mengine mgonjwa hajamwambia hata mwenzi wake. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 itatuuliza sisi wenye zahanati, wakati yeye ameshakula hela yake.

Hata programu halali hushambuliwa, najua. Desemba 2020 ilifichuka kwamba masasisho ya Orion, programu ya kusimamia mtandao ya kampuni ya SolarWinds, yalikuwa yametiwa mlango wa siri, na wateja wapatao 18,000 walikuwa wameyapokea. Lakini wale waliarifiwa, wakaambiwa wazime mitambo, wakapewa toleo lililorekebishwa. Mwenye programu iliyokrakiwa ataarifiwa na nani?

Kinachonipandisha hasira zaidi ni kwamba hakukuwa na haja ya kuiba. Zabbix ipo, LibreNMS ipo, zote ni programu za kusimamia mtandao, ni bure na ni halali, na kwa zahanati yenye swichi chache zinatosha na kubaki. Angetuwekea mojawapo, akatudai ufundi wake tu, leo ningekuwa namsifia kwa kila mtu. Yeye akachagua ya wizi, akaiuza kwa jina la leseni, kisha akanitukana.

Nilisema nyota nne za waya? Nazifuta. Anayeweza kuandika leseni hewa kwenye ankara simwamini hata kwenye soketi, na salio analoendelea kulidai halipati.

Kama na kwako amepita, ichomoe kwanza hiyo kompyuta kwenye mtandao. Halafu futa akaunti usizozijua, ndipo ubadili nywila zote ukitumia mashine nyingine iliyo safi. Ukianza kubadili nywila wakati yenyewe bado imeunganishwa, aliyemo ndani atazipata na hizo mpya.