TAHADHARI: Unga wa "mizizi" wa kutibu magoti unaouzwa kwenye hiace za Uyole na Tukuyu

Ndugu zangu wa Mbeya, Rungwe na Nyanda za Juu kwa jumla, hasa wenye wazazi wanaolalamika magoti na kiuno. Kabla sijasimulia, shikeni hili kwanza: kama mzazi wako anatumia unga wa kahawia wa kopo jeupe lenye kibandiko cha kijani na picha ya mti, kopo shilingi 15,000, USIMWACHISHE GHAFLA. Mpeleke hospitali leo, na kopo ulibebe.

Muuzaji ni mwanamume wa makamo mwenye begi la mgongoni na spika ndogo. Hupanda hiace na kuhutubia abiria, na siku za gulio huonekana masokoni. Mama yangu alikutana naye akitoka kuuza ndizi. Akamsalimia kwa Kinyakyusa, akamwita mama, akambebea mkungu uliobaki mpaka njia panda. Mtu kama huyo mama angemkatalia vipi?

Mama ana baridi yabisi ya miaka mingi, shambani anakwenda kwa fimbo. Akaambiwa kijiko asubuhi na kijiko jioni kwenye uji. Siku ya tatu alinipigia simu anacheka, ametembea mpaka kanisani na kurudi bila fimbo. Mimi ndiye niliyetuma hela ya makopo mengine manne. Linaniuma mpaka sasa.

Mwezi wa tatu wa kuutumia, uso wake ukawa wa duara, mashavu yamejaa. Majirani wakasema amenawiri. Lakini mikono na miguu ilikuwa inakonda, ngozi inachubuka kwa kuguswa tu, na usiku anaamka mara nne au tano kukojoa. Zahanati wakapima sukari: 17. Hajawahi kuwa na kisukari maishani. Wakampa vidonge vya sukari, akaendelea navyo pamoja na ule unga, kwa sababu muuzaji alimwonya asiutaje kwa madaktari, eti wanauonea wivu.

Kisha unga ukaisha na yule bwana hapokei simu. Siku ya nne mama hakuweza kuinuka kitandani. Anatapika, analegea, jasho jembamba linamtoka. Tulipofika hospitali presha ilikuwa chini sana na sukari imeanguka mpaka 2.8.

Daktari alimtazama usoni, akauliza swali moja tu: "Kuna dawa ya kienyeji anatumia?" Mama akatikisa kichwa kukataa. Mimi nikatoa kopo.

Alivyotueleza ni hivi. Juu ya kila figo kuna tezi ndogo inayotengeneza homoni ya kotisoli, ambayo huushikilia mwili wakati wa homa, jeraha au njaa. Dawa za jamii hiyo, kama prednisoloni na deksamethasoni, hufanya kazi kama kotisoli, na kwa nguvu zaidi: miligramu 0.75 tu za deksamethasoni ni sawa na miligramu 5 za prednisoloni. Mtu akizimeza kwa wiki nyingi, tezi zake hulala. Dawa ikikatwa ghafla, mwili unabaki hauna ya kwake wala ya kumeza. Hapo ndipo mama alipoangukia. Aliwekewa dripu na sindano za haidrokotisoni, na kufikia jioni alikuwa anaongea. Sasa anameza prednisoloni kwa kipimo cha daktari, kinapunguzwa kidogo kidogo, huenda kwa miezi.

Msizichukie dawa hizi. Zinaokoa wenye pumu, na mwaka 2020 deksamethasoni ilithibitika kupunguza vifo vya wagonjwa wa korona waliohitaji oksijeni. Hata ule muujiza wa siku ya tatu si mgeni: mwaka 1948 kule Marekani mgonjwa wa baridi yabisi aliyekuwa hajiwezi alichomwa kotisoni, dawa ya jamii hiyo hiyo, akatembea ndani ya siku chache, na mwaka 1950 waliofanya kazi hiyo wakapewa Tuzo ya Nobel. Madhara yalionekana baadaye: uso wa mviringo, sukari kupanda, mifupa kudhoofu, kifua kikuu kilicholala kuamka. Ndiyo maana hutolewa na mtu anayekupima. Mwenye kukusagia kwenye unga bila kukwambia hajui una sukari, una vidonda vya tumbo au una nini.

Kopo tumelipeleka ofisi ya TMDA (Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba) hapa Mbeya. Majibu ya maabara bado, hivyo siwezi kuapa ni kidonge gani kimo ndani. Lakini niliupepeta kwenye chujio la chai, zikabaki punje nyeupe ngumu kama vipande vya tembe, na dalili za mama daktari hakuzitilia shaka.

Mitishamba siipigi vita, nimekulia kwayo. Waganga waliosajiliwa na Baraza la Tiba Asili na Tiba Mbadala wapo. Muulize muuzaji namba ya usajili na ya mganga na ya dawa yenyewe. Huyu nilipomuuliza kwa simu, alikata.

Jumamosi iliyopita binamu yangu amemwona Kiwira. Kopo ni lile lile, ila kibandiko sasa ni cha bluu na anasema ni dawa ya presha.