Gereji isiyo na kibao, Industrial Area ya Nakuru: belti ya taimingi ya Toyota 110

Nianze na bei, maana najua ndiyo wengi wenu mnatafuta. Belti 3,200, tensiona (kile kipuli kinachokaza belti) 2,400, sili mbili za oili 1,100, ufundi 4,500. Jumla shilingi 11,200. Kuna mafundi hapa mjini watakaokufungia belti kwa ufundi wa 2,000, na ukijua kulia vizuri watashuka hadi 1,500. Mimi nimelipa 4,500 na sidai chenji.

Gereji yenyewe haina jina. Ni uwanja wa mabati upande wa Industrial Area, lango la bluu lililopinda chini, jirani na vijana wanaochomelea mageti. Ukiuliza gereji tu utaonyeshwa kumi. Uliza mzee wa Toyota mwenye Subaru nyeupe isiyo na injini pale langoni, utafika.

Mimi nashona yunifomu za shule. Gari langu ni Corolla 110 ya gia za mkono, injini 5A-FE, ile ya cc 1,498 ya petroli. Hizi 110 zilianza kutoka Japani 1995 na zikaisha 2000, kwa hiyo hata kitinda mimba wa ukoo huo ameshapita miaka ishirini. Linabeba sweta na sketi hadi Njoro, Elburgon na Molo, na Januari halina Jumapili. Siku lilipozimika nilikuwa natoka Njoro, buti imejaa. Halikupiga kelele, halikutoa moshi, halikuchemka. Lilinyamaza tu katikati ya mwendo, taa za dashibodi zikawaka zote.

Fundi wa kwanza aliyesimama pale barabarani alisikiliza kidogo akasema pampu ya mafuta imekufa, 6,500 pamoja na kazi, na tayari alikuwa ameshika kiti cha nyuma akitaka kukitoa. Kitu kimoja kilinifanya nikatae. Nilipozungusha ufunguo, starta ilikuwa inakimbia kuliko kawaida. Ule mlio wa kujikaza, uh-uh-uh, haukuwapo. Ilikuwa vrrrr moja laini kama injini haina kitu ndani. Pampu ikifa injini hukosa mafuta, lakini haiwi nyepesi. Nikalipa pikapu ikanivuta hadi mjini.

Mzee hakufungua kitu chochote kwa spana. Alifungua kifuniko cha kumiminia oili juu ya injini, akamwambia kijana wake aingie awashe, kisha akaniita.

"Mama, kuja uangalie hapa ndani. Unaona nini?"

"Naona chuma."

"Kinasonga?"

Kijana alizungusha starta mara ya pili. Chuma kilikuwa kimetulia tuli, kimelowa oili, hakitikisiki.

"Hakisongi."

"Basi pampu ya mafuta haina kesi. Hiyo ni belti."

Uchunguzi wote ulichukua muda mfupi kuliko kunywa chai, na hakunitoza. Kile chuma ni kamushafti, ndiyo inayofungua na kufunga valvu, vile vilango vya hewa na moshi. Inazungushwa na belti ya mpira yenye meno inayotoka kwenye krenki, shafti kubwa inayosukumwa na pistoni kule chini, na kila krenki ikizunguka mara mbili, kamushafti inazunguka mara moja. Kwa injini hii belti inazungusha kamushafti moja, na hiyo inaisukuma mwenzake kwa gia. Krenki ikizunguka na kamushafti imelala, valvu zilizobaki wazi hazina wa kuzifunga, hewa haikazwi ndani ya silinda, ndiyo maana starta inakimbia bure. Mzee alianza kunieleza polepole kama anavyoelezwa mtu asiyejua mashine, nikamkata: ni kama sindano na ndoana ya bobini kwenye cherehani, zikipishana kidogo tu mshono unaruka. Alicheka, na tangu hapo akawa ananiita fundi mwenzake.

Swali lililokuwa limenikaba koo ni valvu. Kila mtu mwenye gari la belti amesikia hadithi ya pistoni kugonga valvu. Hapo ndipo ile Subaru ya langoni inapoingia. Belti yake ilikatika ikiwa mbio, na kwenye nyingi ya injini zile za Subaru za EJ pistoni na valvu zinatumia nafasi moja kwa zamu. Zamu ikivurugika zinagongana. Valvu zikapinda, silinda hedi zote mbili zikatolewa, na mwenyewe bado anatafuta pesa. Injini ya 5A-FE, kama ndugu zake 4A-FE na 7A-FE za Carina na Caldina za zamani, imeachiwa nafasi: belti ikikatika gari linazima tu, pistoni haifikii valvu. Mzee aliniambia hivyo kabla hajaanza kazi. Angetaka angeniacha na hofu yangu usiku kucha, kisha asubuhi aniletee hesabu ya valvu. Wapo wanaofanya hivyo.

Jambo lingine alilokataa kunila ni pampu ya maji. Mimi mwenyewe nilipendekeza, kwa sababu nilishaambiwa na watu kwamba belti ya taimingi ikibadilishwa pampu inabadilishwa pia. Akaniambia hiyo ni kweli kwa Subaru, maana kule belti ya taimingi ndiyo inazungusha pampu, na pampu ikikwama inakwenda na belti. Kwa 110 pampu inazungushwa na belti ya nje, ile ya alternata. Akaishika puli yake, akaitikisa, haikucheza. "Haivuji, hailii. Acha ifanye kazi."

Sasa niwaambie tulichokuta ndani, kwa sababu hapa ndipo 4,500 zilikoenda. Tairi la mbele kulia lilitolewa, jeki ikawekwa chini ya injini na kipande cha ubao katikati, mauntini ya kulia inayoshikilia injini ikafunguliwa. Kufungua boliti ya krenki kijana alikaa ndani, gia ya tano, mguu kwenye breki, mzee akaning'inia kwenye bomba alilovisha spana. Kifuniko cha chini cha belti kilikuwa kimeshikwa na boliti mbili tu. Nyingine hazikuwapo, na vumbi la barabara lilikuwa limejipikia uji mweusi na oili mle ndani. Nilitarajia belti iliyokatika vipande viwili. Haikuwa imekatika. Ilitoka nzima, duara kamili, namba za mwenye kiwanda bado zinasomeka mgongoni. Ila ukiigeuza upande wa ndani, kipande cha urefu wa kiganja hakikuwa na jino hata moja. Yalikuwa yamenyolewa yote, yamebaki nyuzi nyeupe zimesimama kama kitambaa kilichofumuka. Nikaivuta kwa kidole, mpira ukatoka laini, unanuka oili.

Chanzo kilikuwa sili ya krenki, kipete cha mpira ambacho hakijai kiganja. Ilikuwa inavuja polepole, oili inadondokea belti, na mpira wa belti haupatani na oili. Aliyefunga belti ya mwisho aliacha sili ya zamani mle ndani. Ni uchoyo wa shilingi mia kadhaa, na kuifikia tena lazima ufungue kila kitu upya. Kwa hiyo ukienda kwa fundi yeyote, awe huyu au mwingine, muulize sili ya krenki na ya kamushafti kabla ya kuuliza bei ya belti. Akikwambia "hizo tutaangalia baadaye," chukua ufunguo wako.

Spea nilinunua mwenyewe. Mzee hauzi spea, na hilo nimelipenda, ingawa lilinigharimu kuzunguka mjini na belti chafu kwenye mfuko wa karatasi. Kaunta moja waliniwekea belti ya 900, wakaapa ni sawa na ile ya 3,200. Mimi huuza sweta. Najua uzi wa 900 unavyofanana na uzi wa 3,200 siku ya kwanza. Niliporudi, mzee aliilaza mpya juu ya ya zamani, akahesabu meno akiyafuata kwa ukucha, akapima upana, kisha akaitundika kwenye msumari. Kijana alipotaka kuikunja aisogeze pembeni alipigiwa kelele. Belti hizi zina nyuzi ndani, ukizikunja kwa nguvu zinavunjika bila wewe kuona. Tensiona ya zamani aliizungusha sikioni kwangu ili nisikie beringi ikikwaruza, mchanga mtupu.

Kufunga kwenyewe kulinifurahisha kuliko nilivyotarajia. Alipangusa alama kwa petroli mpaka zikaonekana: kijitundu kwenye puli ya juu kikae sambamba na alama ya kepu ya beringi, na mkato wa puli ya krenki uelekee sifuri kwenye kifuniko. Akavisha belti, akaachia springi ivute tensiona, halafu akazungusha injini kwa mkono, spana kwenye boliti ya krenki, mizunguko miwili kamili kwa upande inaozunguka yenyewe. Alama ya chini ilirudi sifuri. Ya juu ilipita kidogo, pengine jino moja. Mimi nisingeona. Hakusema kitu, akalegeza, akaitoa, akaanza upya. Akazungusha tena mara mbili, akachuchumaa, akamwita kijana naye aangalie, ndipo akakaza. Jino moja likipishana gari linawaka vizuri tu, unalipa, unaondoka. Unakuja kugundua kwenye mlima kwamba halina nguvu na linakunywa petroli.

Boliti ya krenki alifunga kwa spana ndefu yenye kipimo, hadi niutoni-mita 118, ikalia kach. Mashine ya upepo ilikuwa hapo hapo, kwa hiyo si kwamba hana. Mwisho, injini ikiwa imepata moto, aliunganisha kwa kipande cha waya matundu mawili ya kile kisanduku kidogo chini ya boneti, TE1 na E1, akamulika puli kwa taa ya taimingi na kuzungusha distribyuta, ile inayogawa moto wa plagi, taratibu mpaka mkato ukasimama kwenye nyuzi 10. Nimewahi kufungiwa belti gari jingine zamani, na hatua hii sikuiona.

Nisiwafiche upande wa pili. Mzee ni mzito. Alisema jioni, gari likalala, na hakupiga simu. Niliyepiga ni mimi, tena akapokea kijana. Anataka nusu ya ufundi kabla hajagusa gari. Risiti ni karatasi ya daftari la shule yenye mistari, jambo ambalo kwa mtu wa biashara kama mimi, anayedaiwa risiti za eTIMS, zile za kodi za KRA, kila kona, ni kero ya kweli. Choo ni kile cha wachomeleaji, na wanawake afadhali mjipange kabla ya kutoka nyumbani. Na kiti changu cha dereva kilirudi na alama ya kiganja chenye grisi, vidole vitano kamili, mtu angeweza kuchukua kitambulisho nacho. Nilisafisha kwa sabuni ya unga, haikutoka, nikafunika na kitambaa cha sketi za Molo kilichobaki.

Jumamosi msiende kabisa. Uwanja unajaa matatu za watu wanaotaka kutoka siku hiyo hiyo, na mzee akisukumwa hununa na kuwapa kazi vijana.

Nililipeleka gari Molo wiki hiyo hiyo na mzigo, mchana, jua kali. Ile milima inapanda bila huruma. Nilikuwa nimezoea kushuka hadi gia ya pili mahali fulani kabla ya Elburgon. Safari hii ya tatu ilitosha, na mlio ni mmoja tu kutoka chini hadi juu. Nadhani hata ile belti ya zamani ilikuwa imefungwa ikiwa imepishana, ila hilo ni la kwangu, mzee hakulisema.

Toyota ilipendekeza belti hii ibadilishwe kila kilomita 100,000. Kwa vumbi letu, na kwa maileji za magari haya ambazo zimerudishwa nyuma mara ngapi hakuna ajuaye, mzee ananiambia nirudi kwa 70,000, nami nitarudi. Ameandika kilomita na tarehe kwa rangi nyeupe kwenye kifuniko cha juu, vile Wajapani hubandika stika yao.

Kama lako ni NZE, yaani zile Corolla na Fielder zilizokuja baada ya 110, usijisumbue kwa kazi hii. Injini hizo zina cheni. Mtu akikuuzia belti ya taimingi ya NZE, mwombe kwanza akuonyeshe inapokaa.

Nyota nne kati ya tano.