Viwambo vya airisi vya Ogata Korin, Makumbusho ya Nezu, Tokyo: weka nafasi mapema, kisha uchuchumae

Makumbusho ya Nezu yako Aoyama, mwendo wa dakika 8 hivi kwa miguu kutoka kituo cha Omotesando ukitokea mlango A5. Yana vyombo vya chai, shaba za kale za China na sanamu za Kibuddha, lakini tathmini hii inahusu kitu kimoja tu: jozi ya viwambo vya kukunja, yaani byobu, vyenye maua ya airisi juu ya dhahabu, kazi ya Ogata Korin wa Kyoto (1658–1716). Ni Hazina ya Taifa ya Japani, na kwa anayependa uchoraji wa aina hii safari inalipa. Ila kuna masharti, na asiyeyajua anaweza kufika Tokyo akarudi bila kuviona.

Sharti kubwa ni tarehe. Viwambo hivi kwa kawaida hutolewa ghalani mara moja kwa mwaka, kati ya katikati ya Aprili na katikati ya Mei, airisi za bustani ya makumbusho zinapochanua. Ukienda Februari utaona vitu vingine. Makumbusho hayafanyi hivyo kwa ubahili. Rangi zenyewe ni mawe yaliyosagwa, hazipauki upesi, lakini karatasi na gundi huchoka kwa mwanga, na unyevu ukipanda na kushuka karatasi inalegea na kukaza, inalegea na kukaza, mpaka kitu kipasuke.

Tiketi hununuliwa mtandaoni kwa siku na saa maalumu. Maonyesho haya hugharimu yeni 1,500 hivi; hakikisha bei kwenye tovuti yao kabla ya kupanga. Kuanzia mwisho wa Aprili hadi tarehe 5 Mei Wajapani wana mfululizo wa sikukuu, na siku hizo umati ni mkubwa. Chagua siku ya kazi, saa 4 asubuhi milango inapofunguliwa. Jumatatu kwa kawaida hufungwa. Kupiga picha ndani ya kumbi ni marufuku, bustanini ruksa.

Sasa kazi yenyewe. Kila kiwambo kina paneli 6, kimo cha sentimita 151 hivi, na kikinyooshwa upana wake unazidi mita 3. Vinasomwa kutoka kulia kwenda kushoto. Hakuna maji, hakuna daraja, hakuna mtu. Kuna rangi mbili tu zinazotawala: buluu ya jiwe la azuriti kwenye petali na kijani cha jiwe la malakiti kwenye majani, juu ya dhahabu tupu. Msomi wa Kijapani wa zama zile hakuhitaji zaidi ya hapo, kwa sababu airisi peke yake zilimkumbusha moja kwa moja kisa cha msafiri aliyepumzika penye madaraja manane katika Hadithi za Ise, kitabu cha kale cha Kijapani. Sahihi ya Korin kwenye viwambo imetaja hokkyo, cheo cha heshima alichopewa mwaka 1701, kwa hiyo kazi haiwezi kuwa ya kabla ya hapo.

Tazama mafungu ya maua kwa makini, utagundua baadhi yanarudiwa, umbo kwa umbo, kama yaliyopitishwa kwenye kigezo kilichokatwa. Korin alizaliwa katika nyumba ya wauza vitambaa vya kimono, na kurudia umbo kwa kigezo ni jambo la kila siku kwa watu wa kazi hiyo. Urudiaji huo ndio unaoipa picha mapigo yake, na kiwambo cha kulia kinapanda huku cha kushoto kikizamia chini mpaka mashina yanakatwa na ukingo.

Buluu ya petali inastahili dakika kadhaa. Azuriti ikisagwa laini inakuwa hafifu; chembe zikibaki kubwa rangi inakolea. Inashikwa kwa gundi inayochemshwa kutoka ngozi za wanyama. Gundi ikiwa kidogo rangi inapukutika kama vumbi, ikizidi inavuta na kupasuka. Tena byobu huhifadhiwa zikiwa zimekunjwa uso kwa uso, kwa hiyo rangi nene ndiyo inayosuguliwa kwanza. Sogea karibu na kioo, utazame petali kutoka upande, na unene huo utaonekana. Hakuna picha ya kitabuni inayouonyesha. Kwenye dhahabu tafuta mistari hafifu ya miraba: ni pale vipande vya dhahabu iliyofuliwa vilipopandana kingo.

Kosa wanalofanya wageni wengi ni kusimama katikati, wakatazama kama picha ya ukutani, wakaondoka. Byobu haikutengenezwa hivyo. Ndani ya kila paneli kuna fremu ya vijiti vya mbao nyepesi iliyobandikwa karatasi tabaka juu ya tabaka, baadhi zikigandishwa kingoni tu ili hewa ibaki ndani na karatasi ipate pa kujinyoosha. Paneli zinaungwa kwa bawaba za karatasi zinazopishana, zinazokunjika mbele na nyuma. Zamani, kama kwenye viwambo vya karne ya 8 vilivyohifadhiwa Shosoin, ghala la hazina za kale mjini Nara, paneli zilifungwa kwa kamba na kila moja ilikuwa na ukingo wake, hivyo picha ilikatika kila hatua. Bawaba ya karatasi ndiyo iliyoondoa mwanya, na mchoraji akapata uwanja mmoja mpana wenye mikunjo.

Kwa hiyo fanya hivi. Anza mwisho wa kulia kabisa: paneli zilizokugeukia zinapanuka, zile nyingine zinajificha, na mafungu ya maua yanasogeleana. Tembea polepole kuelekea kushoto uone yanavyoachana. Kisha chuchumaa. Aliyeketi sakafuni macho yake huwa kwenye sentimita 80 hivi kutoka chini, na kwa kimo hicho maua yanasimama mbele yako, wala huyaangalii kutoka juu. Kabla ya safari, chapisha picha ya byobu yoyote ya paneli 6 na uikunje zigizaga mezani. Dakika tano za zoezi hilo zitakufundisha pa kusimama.

Upungufu upo. Taa ni tulivu na sawasawa, nzuri kwa kuona chembe za rangi, lakini dhahabu hii ilikusudiwa kupokea mwanga wa pembeni kutoka mlangoni au mshumaani, ikang'aa sehemu moja na kufifia nyingine. Nyuma ya kioo uhai huo unapungua, hata ujitahidi vipi.

Bustani iliyo nyuma inazidi mita za mraba 17,000, ina njia za mawe zinazoteleza mvua ikinyesha, na airisi zake hazifuati ratiba ya maonyesho; mwishoni mwa Aprili uwezekano wa kuzikuta ni mkubwa kuliko mwanzoni.

Aliyeko Marekani ana nafasi nyingine: Makumbusho ya Metropolitan, New York, yana jozi ya Korin ya baadaye yenye airisi na daraja likikatiza paneli, na picha zake kubwa zinapakuliwa bure kwenye tovuti yao. Nayo haionyeshwi mwaka mzima. Ukiwa Tokyo nje ya msimu, nenda Makumbusho ya Taifa, Ueno, jengo la Honkan, ghorofa iliyo juu ya ile ya kuingilia, chumba namba 7. Humo byobu hubadilishwa mara kwa mara, kwa hiyo karibu kila mwezi kuna jozi ya kutazamwa.