Baraza la Rufaa za Ununuzi wa Umma, Uganda: zuri, ila si la kila mtu

Kwa mzabuni aliyedhulumiwa, Baraza hili, linaloamua malalamiko ya zabuni za serikali, ni bora kuliko kukimbilia Mahakama Kuu. Anza kwa afisa masuuli, mtendaji mkuu wa taasisi iliyotangaza zabuni: malalamiko ya maandishi, ndani ya siku 10 tangu ujue kasoro. Usiporidhika, nenda Barazani. Ukichelewa, hoja nzuri haikuokoi.

Mlipakodi asiyeomba zabuni hapati nafasi hapo kwa urahisi, na hilo ni pengo linaloumiza. Mahakama Kuu, kwa kanuni za mapitio ya kimahakama (kuhoji uhalali wa uamuzi wa serikali) zilizorekebishwa 2019, humtaka aonyeshe maslahi ya moja kwa moja au ya kutosha, afungue shauri ndani ya miezi 3, na awe amemaliza njia nyingine za kisheria. Mkataba ukivunja haki za binadamu, Ibara ya 50 ya Katiba humruhusu kushtaki hata kwa niaba ya wengine.