Nimemtazama Aksel Hennie kwenye filamu zake: anzeni na Uno

Wengi wetu tulimwona Aksel Hennie, mwigizaji kutoka Norway, kabla hatujajua jina lake. Kwenye The Martian ya 2015 ndiye Vogel, mkemia Mjerumani ndani ya chombo cha anga cha Hermes, yule anayetengeneza bomu kwa kutumia sukari. Stelingi ni Matt Damon, Hennie kapewa dakika chache tu. Zilinitosha. Wenzake wanapoongea, yeye anasikiliza kwa uso mzima, na mimi nikajikuta namwangalia yeye badala ya anayesema.

Basi nikalipia huduma ya kutazama filamu mtandaoni, nikaanza kutafuta kazi alizofanya kwao Norway.

Max Manus ya 2008, kuhusu mpiganaji wa upinzani dhidi ya Wanazi, ndiyo iliyomfanya kuwa mkubwa kwao. Watu zaidi ya milioni 1 waliingia sinema kuitazama. Ni nzuri, ila imepigwa msasa mno kwa ladha yangu. Headhunters ya 2011, kutoka riwaya ya Jo Nesbø, ndiyo ya kuwaalika marafiki. Anacheza Roger Brown, mtafutaji wa mameneja ambaye pembeni anaiba michoro ya thamani. Kuna sehemu anajizamisha ndani ya shimo la choo ili asionekane na anayemwinda. Hennie anakubali kudhalilika mbele ya kamera bila kutafuta huruma yetu, na waigizaji wenye jina ni nadra kukubali hivyo.

Lakini filamu iliyonikaa moyoni ni Uno ya 2004. Aliiandika mwenyewe, akaigiza mhusika mkuu, na akaiongoza pamoja na John Andreas Andersen, akiwa bado hajafika miaka 30. David anafanya kazi kwenye jimu jijini Oslo. Polisi wanapovamia na kukamata watu, baba yake yuko mahututi, naye anawataja wenzake ili aachiwe akamwone. Kuanzia hapo anasakwa na watu waliokuwa kama ndugu zake. Nyumbani kuna mdogo wake mwenye hali ya Down, yaani ulemavu wa akili wa kuzaliwa nao, na wanapocheza karata pamoja kamera inatulia, hakuna muziki wa kutulazimisha kulia. Bjørn Floberg, kama mwenye jimu, anatisha bila kupaza sauti. Sehemu za ugomvi mtaani zina haraka kidogo, sawa, lakini filamu haimhukumu David wala haimsafishi. Hennie alipata Amanda, tuzo ya filamu ya Norway, ya mwongozaji bora, na naona waliompa hawakukosea.

Ndiyo maana nasikitika Hollywood inapomgeuza leo Mjerumani, kesho Mrusi kwenye The Cloverfield Paradox. Anazifanya vizuri nafasi hizo za pembeni, ila mtu aliyeandika Uno anastahili mistari zaidi.

Ushauri kwa atakayezitafuta: chagua sauti ya Kinorwe pamoja na maandishi chini ya skrini. Huduma niliyotumia ilinifungulia filamu mojawapo ikiwa na sauti za Kiingereza zilizobandikwa juu, na nusu ya uigizaji wake ikapotea. Badilisha kwenye mipangilio kabla hujaanza. Uno usiitazame na watoto, ina vipigo vizito. Mimi naipa nyota 5, Headhunters 4, Max Manus 3 na nusu.