Lulu in Hollywood: Louise Brooks ajisimulia, lakini si yote

Kitabu hiki nilikinunua cha mtumba kwenye duka moja la mtandaoni, nikakichukua posta baada ya wiki sita, mgongo wake ukiwa umebanduka gundi, hali ambayo muuzaji hakuitaja popote. Tangu hapo nimekisoma mara mbili, huku nikirudisha kurasa mahali pake, na fedha yangu siijutii.

Louise Brooks alizaliwa Kansas mwaka 1906, akaondoka kwao akiwa na miaka 15 kwenda kujiunga na kundi la dansi la Denishawn. Kufikia mwaka 1925 alikuwa akicheza katika Ziegfeld Follies, maonyesho ya jukwaani ya nyimbo na dansi huko New York, na muda si mrefu kampuni ya Paramount ikamwajiri kuigiza katika filamu bubu. Wengi wanamkumbuka kwa nywele tu, zile nyeusi, fupi, zilizokatwa sawasawa juu ya nyusi. Kitabu hiki, kilichotoka mara ya kwanza mwaka 1982, kinamwonyesha kuwa mwandishi mwenye jicho kali, asiyemstahi mtu, hata yeye mwenyewe.

Anayetafuta wasifu uliopangwa kuanzia utotoni hadi uzeeni hataupata hapa, kwa kuwa huu ni mkusanyiko wa insha. Iliyo bora kuliko zote ni ile inayomhusu mwongozaji G. W. Pabst, aliyemwita Berlin mwaka 1928 kuigiza mhusika Lulu katika filamu ya Kijerumani Die Büchse der Pandora (Sanduku la Pandora), wakati mwigizaji Marlene Dietrich, kwa maelezo ya Brooks, alikuwa karibu kabisa kutia saini mkataba wa nafasi hiyohiyo. Anasimulia jinsi Pabst alivyochagua miongoni mwa nguo zake binafsi, tena zile alizozipenda, akazipeleka zikachakazwe. Alipoletewa tena kwa ajili ya sehemu ya mwisho ya filamu, zilikuwa zimeraruliwa na kujaa madoa ya grisi, naye akaingia mbele ya kamera akijiona amedhalilika kweli. Sijasoma maelezo yanayofafanua kazi ya mwongozaji kwa wepesi kama huu. Papo hapo anataja alama za vidole alizoachiwa mikononi na Fritz Kortner, mwigizaji mwenzake, ambaye hakumpenda na hakuficha.

Insha kuhusu waigizaji Humphrey Bogart na W. C. Fields zinasomeka vizuri, ila msomaji asiyezijua filamu zao atachoka. Ile ya mpwa wa mwigizaji Marion Davies ni chungu, na pengine isisomwe usiku.

Kasoro kubwa ya kitabu ni ukimya wake. Brooks aliondoka Paramount baada ya kunyimwa nyongeza ya mshahara, kisha akakataa kurudi kurekodi sauti ya The Canary Murder Case, filamu iliyopigwa kwanza ikiwa bubu, hivyo mwigizaji Margaret Livingston akazungumza badala yake. Kuanzia hapo milango ya Hollywood ikawa inafungwa mmoja baada ya mwingine, hadi filamu yake ya mwisho mwaka 1938. Miaka iliyofuata, ikiwemo ile aliyokuwa muuzaji katika duka la Saks, New York, imepitwa harakaharaka mno, ilhali ndiyo niliyotamani kuisoma zaidi. Toleo la mwaka 2000 linapunguza pengo hilo kwa kuongeza makala ya mhakiki Kenneth Tynan, aliyemtembelea Brooks huko Rochester, mji wa jimbo la New York ambako James Card, mhifadhi wa filamu, alimshawishi Brooks ahamie na ambako ndiko Brooks alikoanza kuandika kwa dhati. Toleo hilo lina pia insha ambamo Brooks anaeleza kwa nini hataandika kumbukumbu za maisha yake: hakuwa tayari kusema ukweli wote kuhusu mapenzi. Sababu naielewa, ingawa haikunipunguzia kiu.

Kiingereza chake si chepesi, na kamusi itahitajika. Atakayekinunua atafute hilo toleo la mwaka 2000, na amwombe muuzaji picha ya mgongo wa kitabu kabla ya kulipa.